Jumanne ya Pil-nam, Ijumaa ya Jeom-sun

Miaka ishirini na miwili Gye-suk amekuwa akisugua watu nongo katika hamamu yetu ya Yeongdo, upande wa wanawake. Mimi nakaa mlangoni, nagawa taulo na funguo za makabati, na nikipeleka taulo ndani husikia mawili matatu. Yeye ndiye anayewajua wateja: nani kapasuliwa kimyakimya, nani ana alama za vidole mkononi na anadai kaanguka ngazini. Wanalala kifudifudi mbele yake na kuongea wakitazama ukuta. Yeye hatoi siri.

Pil-nam na mdogo wake Jeom-sun waligombana kwenye matanga ya mama yao, na kwa miaka tisa hawakusemezana, ingawa walikaa mtaa mmoja. Pil-nam alikuwa akija Jumanne, Jeom-sun Ijumaa. Pil-nam hakukosa kumuuliza Gye-suk, "Yule bado mnene?"

"Njoo Ijumaa umtazame."

"Thubutu! Kwani nimekosa televisheni?"

Mwaka jana Jeom-sun alipotea miezi mitatu. Aliporudi, titi la kushoto halikuwapo.

"Sugua tu, dada. Na usinitangaze."

"Hospitali alikupeleka nani?"

"Teksi."

Neno hilo lilimkaa Gye-suk rohoni. Jumanne iliyofuata Pil-nam aliuliza swali lake, naye akamjibu, "Wiki ijayo Jumanne sipo. Njoo Ijumaa asubuhi, mdogo wako huja jioni." Sikuwahi kumsikia akidanganya mteja.

Ijumaa hiyo nilikuwa napeleka taulo ndani. Pil-nam aliingia, akamkuta mdogo wake amelala chali. Jeom-sun akajifunika kifua kwa mikono.

"Mjinga wewe," Pil-nam alisema. "Namba yangu ya simu si ni ileile?"

"Ulisema nisikupigie hata nikifa."

"Kwani umekufa?"

Akamnyang'anya Gye-suk kitambaa cha kusugulia. "Geuka."

Alimsugua mgongo kwa hasira mpaka ukawa mwekundu.

"Taratibu, dada! Hiyo ni ngozi."

Kama walilia sijui, mvuke ulikuwa mwingi.

Jeom-sun alimnunia Gye-suk miezi miwili. Alinisalimu mimi, kisha akampita Gye-suk bila salamu. Siku hizi ndugu hao huja pamoja, hubishana juu ya joto la maji, na husuguana wenyewe. Nilimuuliza Gye-suk kama anajuta.

"Pil-nam hajui kusugua," alisema. "Anaacha nongo mabegani."