Sakafu ya Jikoni kwa Dokia

Kifo hakikumtisha Dokia Melnychuk. Nguo zake za kuzikiwa alishazipiga pasi na kuzikunja, na kule makaburini, kando ya mumewe Metro, jina lake lilikuwa limeshachongwa kwenye jiwe, imebaki tarehe tu. Kilichomtisha ni sakafu. Sakafu yoyote ile, ya hospitali, ya kanisa, ya jikoni kwake.

Mwezi wa kumi, viazi vimeshavunwa, alifunua kifuniko kilicho sakafuni jikoni akashuka stoo ya chini kutafuta viazi vya supu. Kidato cha ngazi kikamponyoka. Nyonga ikavunjika. Akalala juu ya udongo wa baridi mchana ule, na usiku wake, mpaka mchana wa pili, na huko juu akisikia simu inalia, inanyamaza, inalia tena. Aliyekuwa akipiga ni wifi yake Tekla, dada wa marehemu Metro, mwenye shamba la jirani. Siku iliyotangulia walikwaruzana kwenye jiko la kanisa, Tekla akisema unga wa perohe, vile vitumbua vya kuchemsha vyenye viazi ndani, alioukanda Dokia unaweza kuezekea banda. Simu ilipokosa kupokelewa, Tekla akajua amenuniwa. "Na anune mpaka apasuke," akasema, akaenda zake kulala. Kesho yake alikuja na mkate kwapani, yuko tayari kwa vita ya pili, akasikia sauti ya mtu chini ya miguu yake.

Toka siku hiyo Tekla hakumnyima wifi yake kitu. Kila asubuhi alifika hospitalini na kibweta cha chakula, akamlisha supu ya bitiruti kwa kijiko, akamchana nywele, akamvisha soksi. Kwa watu wale, wajukuu wa wakulima waliotoka Ukraine na kuvunja ardhi ngumu ya Saskatchewan, mgonjwa akionekana anajishikia kijiko mwenyewe, aibu ni ya ndugu zake. Na Dokia, mwanamke aliyewahi kuendesha trekta akiwa na mimba ya miezi minane, mwanamke aliyekuwa akiwapikia wavunaji thelathini bila kuomba mtu amshikie sufuria, alinyamaza akahudumiwa. Aliyelazwa hasimami. Asiyesimama haanguki. Hiyo ndiyo iliyokuwa hesabu yake, na hakumwambia mtu.

Lakini Noreen aliiona. Noreen Desjarlais alikuwa muuguzi wa wodi ile, mwanamke wa Kimetis, watu wenye damu ya wenyeji wa asili na ya Wazungu, mwenye mabega mapana, na alikuwa na tabia iliyowaudhi watu wengi: mgonjwa akitaka kufanya jambo, yeye huweka mikono nyuma ya mgongo akatazama. Hakuwa mvivu. Alitazama goti linakunjwaje, mkono unashika wapi, pumzi inakatika lini. Kazi yake ilikuwa kujua mtu bado anaweza nini, na kuhakikisha hakipotei kitandani. Na kwa Dokia alikuwa anaona kinapotea. Juma la kwanza baada ya upasuaji bibi huyu alifunga vifungo vyake mwenyewe. Sasa alinyoosha mikono kama mtoto anayevishwa.

"Bibi, vifungo," Noreen alisema asubuhi moja.

"Vimefanya nini?"

"Vinakusubiri."

Tekla akainuka kitini. "Wewe nesi, unalipwa kwa kutazama? Kwetu mgonjwa anasaidiwa, hatazamwi kama sinema!"

"Namsaidia, Bibi Tekla. Wewe unamsaidia leo. Mimi namsaidia siku ambayo wewe hupo."

Neno hilo lilimwingia Tekla mahali pabaya. Alikaa, akaanza kumenya chungwa ambalo hakuna aliyeliomba. Dokia alifunga vifungo vyake, polepole, mdomo umebana, akikosea kimoja na kukirudia.

Basi Noreen akapata pa kuanzia. Siku baada ya siku alimtoa Dokia kitandani, akamtembeza kwa fremu ya kushikilia, akampandisha ngazi na kumshusha, akamwacha anawe mwenyewe, avae mwenyewe, ale mwenyewe, huku Tekla akisonya pembeni. Miguu ikarudi. Ila jambo moja Dokia alilikataa katakata. Noreen alitandika godoro jembamba chini akamwomba ashuke, alale, kisha ainuke. Dokia akasema kiuno hakijakaa sawa. Siku ya pili akasema ameshiba sana. Siku ya tatu akasema mwanamke wa umri wake halali chini kama mbwa.

"Bibi, unaishi peke yako," Noreen alisema. "Watu wanaanguka. Mimi naanguka. Kuanguka siyo tatizo langu. Tatizo langu ni kuinuka."

"Nikitaka nitainuka."

"Basi nionyeshe."

"Leo sitaki."

Mficha maradhi, kifo humuumbua. Na mficha hofu je? Dokia alitabasamu, kijasho chembamba kikimteremka mgongoni. Kila alipolitazama lile godoro alinusa udongo wa stoo na viazi, akasikia simu.

Siku ya Jumatano Noreen alikaa ukingoni mwa kitanda, naye si kawaida yake kukaa. Alisema nyumba ya wazee ya mjini imepata kitanda, na wanataka jibu Ijumaa. Daktari angemuuliza yeye, Noreen, kama bibi huyu anaweza kuishi peke yake. "Na mimi siwezi kumwambia ndiyo. Sijakuona ukiinuka kutoka chini. Kesho nitakupeleka kwako, tukatazame kila kitu pale pale. Ikishindikana, bibi, itabidi ukubali kitanda."

Usiku ule Dokia hakulala. Aliiogopa nyumba ya wazee, ambako dada yake Hania aliingia akitembea na baada ya mwaka mmoja akawa hajui tena kusimama, kwa sababu hakuna aliyekuwa na nafasi ya kumsubiri. Aliiogopa na nyumba yake mwenyewe. Mtu anayeogopa pa kwenda na pa kurudi atalala upande gani?

Walikwenda na gari la Noreen, Tekla nyuma na kibweta chake. Theluji ilikuwa imeshatanda mashambani. Nyumba ilikuwa baridi na kila kitu kilikuwa mahali pake: picha za watakatifu ukutani upande wa mashariki zimezungushiwa taulo lililotariziwa, birika jikoni, vitunguu saumu vikining'inia. Dokia alivua viatu mlangoni, akawasha jiko, akachemsha chai, akaingia bafuni akatoka, akatandika kitanda chake na kukitandua. Noreen alitazama, mikono nyuma. Tekla aliikalia mikono yake, kweli kabisa, akaikalia.

"Vizuri sana, bibi. Mbona hupiti pale?"

Kumbe alikuwa ameona. Katikati ya jiko palikuwa na kile kifuniko cha stoo, na kila Dokia alipotoka kwenye meko kwenda mezani alizunguka mbali, akiukumbatia ukuta.

"Napenda kuzunguka," Dokia alisema.

"Utashuka sakafuni, bibi? Mara moja tu. Mimi niko hapa."

Dokia alitikisa kichwa. Noreen alishusha pumzi, na uso wake ukaonyesha huzuni ambayo hakujaribu kuificha. "Basi. Twendeni."

Walivaa makoti. Na kwa desturi ya kwao hakuna mtu anayeanza safari bila kwanza kuketi kidogo, kimya, ili njia iwe salama. Noreen alikulia kati yao, hakuhitaji kuambiwa. Yeye na Tekla walivuta viti. Dokia, pasipo kufikiri, akaketi pale alipoketi miaka yote ya ndoa yake: kwenye kibenchi cha mlangoni, kile kifupi, ambacho Metro alikalia kuvulia mabuti.

Kimya kilipokwisha, wawili walisimama. Dokia alisukuma kwa mikono, makalio yakanyanyuka kidogo, yakarudi. Akasukuma tena. Benchi ilikuwa chini mno, fremu mbali. Mara ya tatu akateleza mbele, na akajikuta amekaa kwenye mbao, miguu mbele yake, mgongo kwenye benchi.

"Jamani!" Tekla aliruka.

"Kaa, Bibi Tekla!"

"Nikae? Nilishakaa siku nzima nyumbani kwangu yeye akiwa chini! Nikae tena?"

"Ukimwinua wewe, anakwenda kwenye kile kitanda. Kaa."

Dokia hakuwasikia. Baridi ya mbao ilimpanda, na pua yake ikajaa udongo. Alipiga ukelele ambao hata kule stoo hakuupiga. Noreen alishuka akakaa sakafuni kando yake, bega kwa bega, koti na vyote.

"Umeumia popote?"

"Hapana."

"Basi kuna nini?"

"Naogopa," Dokia alisema. Lilikuwa neno jepesi, na lilimchukua miezi miwili kulitoa. "Naogopa, mwanangu. Naogopa mpaka naona haya."

"Ogopa," Noreen alisema. "Mimi pia naogopa kukuacha hapa. Lakini ogopa huku unageuka. Upande wa mguu mzima. Ndio hivyo. Sasa magoti."

Dokia aligeuka akilia. Akajipata amepiga magoti, viganja sakafuni, uso kuelekea zile picha za watakatifu, na mwili ukashtuka kwa sababu njia ya kutoka hapo uliijua. Kila Kwaresima ya maisha yake, toka mtoto, alisujudu hivi mbele ya altare, paji la uso chini, kisha juu, kisha chini tena, na hakuwahi kuhesabu hiyo kuwa ni kuinuka kutoka sakafuni. Alileta mguu mzima mbele. Akashika benchi. Akanyanyuka, akitetemeka kama ndama aliyezaliwa siku ile, akasimama.

Tekla alikuwa analia waziwazi. "Wifi yangu, wifi yangu, njoo ukae."

"Usinishike."

Noreen alikuwa anajifuta macho, tena bila siri. "Nimeona, bibi. Kesho nitamwambia daktari."

"Umeona nini? Umeona nainuka nikiwa na watu wawili." Sauti ya Dokia ilikatika. "Siku ile hapakuwa na mtu. Tokeni nje."

"Bibi, haina haja..."

"Tokeni. Mfunge mlango."

Walitoka barazani kwenye theluji. Noreen aliganda kwenye kioo cha mlango, mkono kwenye kitasa. Ndani, Dokia alisukuma fremu mpaka kwenye kile kifuniko cha stoo akasimama juu yake. Hakuna aliyemsemesha. Hakuna ambaye angemsemesha jioni ile wala jioni zitakazofuata. Akashika kiti, akashusha goti moja, la pili, akajilaza ubavu juu ya mbao, shavu limegusa sakafu, na hofu yote ikamjia pale chini. Haikumwacha. Alilala nayo kitambo, akipumua. Kisha akageuka upande wa mguu mzima.

Tekla alikuwa ameziba uso kwa kitambaa cha kichwani, hataki kutazama, ndipo kitasa kikazunguka kwa ndani. Dokia alisimama mlangoni, nywele zimetimka, vumbi shavuni.

"Mnaganda huko," alisema. "Karibuni kwangu."