Sista na Mafundisho ya Kimya

Juma lililopita nilipiga foleni katika duka la kuchapa hapa Machakos mjini. Mbele yangu alikuwa sista Mdominika mwenye kanzu nyeupe, akichapishiwa mafundisho aliyoyaandika mwenyewe kuhusu kimya. Alitakiwa kuyatoa kwenye mafungo ya kiroho mchana huohuo, lakini mwandiko wake ulimshinda binti mchapaji. Basi sista akawa anasoma kwa sauti, binti anachapa, na sisi foleni nzima tunasikiliza.

“Mungu huongea tukinyamaza,” akasoma.

Mama mmoja wa Mitaboni, nyuma yangu kwenye foleni, akashindwa kuvumilia. “Aiya! Sista, kama kunyamaza ni kuzuri hivyo, mbona uko na makaratasi mingi hivi?”

Binti akaacha kuchapa. Sista akaziangalia karatasi zake, akamwangalia mama, kisha akacheka mpaka akashika meza.

“Mama, sisi Wadominika kazi yetu ni kuhubiri. Kunyamaza bado tunajifunza.” Akamgeukia binti. “Hilo swali liweke mwanzo kabisa.”

“Na useme ni mimi nimeuliza,” mama akadai.

Nami ninayelipwa kujaza safu hii ya gazeti maneno kila wiki, nikaona heri ninyamaze kabla mama hajaniuliza kazi yangu.