Pluton na Salongo ya Wamaza

Mwalimu wa Wamaza, kule Kabambare, amefariki. Habari ilifika hapa Kasongo kwa mdomo wa dereva wa pikipiki aliyekuja kununua sanda. Wasomaji wa safu hii wanamfahamu bila kumjua: ndiye aliyenikosoa kila nilipoandika ovyo juu ya jua na mwezi, na hakunihurumia hata siku moja. Nimesikitika sana.

Nilimfahamu vizuri siku wazazi walipotaka aondolewe darasa la sita. Kitabu cha shule kilisema sayari ni tisa, yeye akafundisha nane, kwa kuwa alisikia redioni kwamba wataalamu wa anga wameitoa Pluton na kuiita sayari kibete. Wazazi waliogopa mtihani wa mwisho, na sikuwalaumu, maana kule mtoto akianguka, mara nyingi shule yake huishia hapo. Nilikuwa nimepita Wamaza kwa shughuli zangu, nikakaa nyuma ya kikao nikisikiliza. Akaulizwa Pluton imekosa nini. Akaeleza kwamba inazunguka jua, na ni ya mviringo, ila haijasafisha njia yake. Inapita katikati ya mawe ya barafu ambayo imeshindwa kuyafagia. Hapo wote wakaelewa, kwa sababu salongo wanaijua: kila kijiji hulima majani ya kipande chake cha barabara, na kisicholima husemwa. Mama mmoja mkulima akasimama, bila hasira.

"Mwalimu, barabara yetu iko na majani tangu mvua ya mwaka jana. Ni kusema sisi hatuko kijiji?"

Kikao kikacheka. Mwalimu hakucheka.

"Muko kijiji, mama. Na Pluton iko palepale ilikuwaka. Watu njo walibadilisha kipimo, na wataalamu wengine mpaka leo wanakatala. Nitafundisha watoto hesabu ya zamani, ya sasa, na sababu ya mabishano."

Wakamwacha darasani. Mtihani ulipokuja haukuuliza habari ya sayari hata kidogo. Mimi nilicheka sana. Yeye alinuna, alikuwa amejiandaa.

Sisi wa Kasongo na Kabambare tumezoea kupandishwa na kushushwa na watu wa mbali. Eneo linapewa cheo, linanyang'anywa, na hakuna anayekuja kutuambia kwa nini. Yeye hakudharau majina wala vipimo. Alichotaka ni kwamba anayebadilisha kipimo asimame mbele ya watu aulizwe.

Nilikwenda maziko nikijua nitasukuma pikipiki kwenye majani marefu. Lakini kutoka njia panda hadi mlangoni kwake barabara ilikuwa nyeupe, majani mabichi yamelazwa kando. Mama yule yule, sasa mzee, alikuwa bado na jembe mkononi. Nikampa pole, nikamuuliza nani aliamuru salongo siku ya msiba.

"Hakuna mutu aliamuru," akasema. "Yeye alitujibu."

Wenye kutuongoza wangejifunza hilo tu, ingetosha.