Dada Yangu Resti na Ngozisaba

Harufu ya kitunguu kibichi kilichopondwa hainipeleki jikoni kama inavyowapeleka watu wengine. Inanirudisha uani kwetu Nakwa, kijiji cha Babati, kwenye mkono wa dada yangu Resti uliovimba kama andazi, na shangazi akiupaka kitunguu huku akimgombeza. Niwasimulie tangu mwanzo, maana siku zote nimekuwa nikiisimulia habari hii vipande vipande.

Mama alifariki wakati wa masika, mimi nikiwa darasa la pili na Resti darasa la sita. Waliokuja msibani, majirani na wanakwaya wenzake, walitushika vichwa na kutuambia neno moja: mtazoea. Walilisema kwa upole, nami nililipokea kama pipi, nikaendelea kucheza. Baba alirudi kwenye mahindi yake na mizinga michache ya nyuki aliyoitundika mpakani mwa shamba. Shangazi yetu, Mama Pendo, akaja kutoka Dareda kutulea.

Siku hizo hizo Resti aliazima kijarida cha katuni kwa rafiki yake wa shule, kimekunjika pembe zote na kina madoa ya chai. Shujaa wa hadithi ile simkumbuki hata jina. Ninayemkumbuka ni adui yake, Ngozisaba. Ukimpiga rungu alianguka, lakini kwenye picha iliyofuata alikuwa amesimama, ngozi imekuwa ngumu kama gome la mti, na rungu linavunjika juu yake. Ukimchoma moto aliungua mara moja tu. Mara ya pili moto ulimpita kama upepo. Walipomtupa ziwani aliota matamvua ya samaki. Na kila aliposhinda alisema maneno yale yale: "Nimeshakuzoea."

Mimi nilimwogopa kiasi kwamba giza likianza kuingia sikwenda chooni peke yangu. Resti hakumwogopa. Alikuwa akinisomea nyuma ya jiko, na akifika kwenye maneno yale kidole chake kilisimama pale kabla hajafunua ukurasa.

Kisha akaanza mazoezi. Mnajua baridi ya Babati mwezi wa saba ilivyo. Yeye alioga maji yaliyolala nje. Alipita peku kwenye mabua ya mahindi yaliyokatwa. Alitafuna pilipili kichaa, siku za kwanza kwa machozi, baadaye macho makavu kabisa. Nami nilijaribu moja, nikakimbilia ndoo ya ndama na kunywa mpaka ndama mwenyewe akanishangaa. Resti alicheka sana. Ilikuwa mara ya kwanza kumsikia akicheka tangu msiba, kwa hiyo niliona mazoezi yale ni kitu kizuri.

Siku moja alikwenda kwenye mizinga ya baba na kurudi amechomwa mkononi. Ndiyo siku ya kile kitunguu. Mkono ulivimba mpaka kwenye kiwiko. Shangazi alifoka, baba alimtazama tu akarudi kazini, na Resti akaninong'oneza, "Mara ya pili hawataniweza."

Mara ya pili ilikuja baada ya wiki chache, Jumamosi mchana. Nilisimama kwenye njia ya shamba nikamwona akinyoosha mkono karibu na mzinga. Alichomwa na nyuki mmoja. Alirudi akitabasamu, akanionyesha alama shingoni, ndogo tu, haijavimba. Nilitaka kushangilia.

Tulipofika uani alianza kujikuna viganja. Kisha masikio. Mabaka mekundu yalipanda mikononi mwake kama kuna mtu anayemchora nikiwa natazama. Midomo ikavimba, macho yakafungika, na sura ya dada yangu ikapotea mbele yangu. Alifungua mdomo aniambie kitu, ikatoka sauti ya filimbi. Akaanguka.

Sikulia. Nilisimama tu, nikingoja picha inayofuata, ile ambayo angesimama na ngozi mpya. Hakusimama. Shangazi alitokea na unga mikononi, akapiga ukelele mmoja, akambeba kama mtoto mchanga mpaka barabarani. Bodaboda wa jirani akawapakia, na Resti amebanwa katikati yao, kichwa kinaning'inia. Nilibaki nimeshika kiatu chake.

Jirani alinipeleka hospitalini pamoja na baba, ambaye alikuja na matope ya shambani miguuni. Tulimkuta Resti ameshachomwa sindano, anapumua, uso bado si wake. Daktari, mama wa makamo, alimvuta baba pembeni, lakini nilisikia.

"Baba Resti, kuna miili haizoei nyuki. Kila ukichomwa, mwili unazidi kukataa. Huyu akichomwa tena anaweza asifike hapa."

Baba alikaa kwenye benchi. Baadaye akasogea kitandani.

"Kwa nini mwanangu?" aliuliza. "Ulikuwa unatafuta nini kule?"

Resti alijibu polepole, kwa midomo ile mizito. "Kila mtu alisema tutazoea mama kutokuwepo. Mimi sizoei, baba. Nikaona nianze kujifunza na vitu vidogo."

Nimesikia habari nyingi za kushtua tangu siku ile. Hakuna iliyonipiga kama hiyo. Kumbe kwenye pilipili, maji baridi na mabua, vyote nilivyodhani ni mchezo, yeye alikuwa kazini.

Baba aliinamisha kichwa kwenye godoro. Tukasikia akisema, "Hata mimi sijazoea."

Kesho yake mizinga yote ilipelekwa kwa baba mdogo, kijiji cha Bonga. Resti aliporudi nyumbani tulikula ugali na maziwa ya mgando, na katikati ya chakula baba akaanza, bila kuulizwa, kusimulia jinsi mama alivyokuwa akibishana na mtangazaji wa redio kana kwamba anamsikia. Shangazi akaongeza lake. Tulicheka mpaka Resti akalia, na safari hii hakuna aliyemnyamazisha.

Kwa miaka mingi niliamini kwamba jioni ile baba alikuwa akitufariji sisi watoto. Sasa nina watoto wangu, na ninajua jinsi mzazi anavyoweza kukaa mezani na watu wake akiwa peke yake kabisa. Tangu mazishi alikuwa hajalitamka jina la mke wake. Alikuwa akingoja mtu mmoja katika nyumba ile amwambie kwamba bado inauma, na aliyemwambia alikuwa mtoto wa darasa la sita, akiwa amelala hospitalini na macho yamefungika kwa uvimbe.