Nyumba Iliyovuka Barabara

Papa alikuwa seremala hapa Kindu, mashariki ya Kongo. Kitabu alichokiamini kuliko watu kilikuwa cha Kifaransa, alichoachiwa na padri mmoja: historia ya useremala wa Amerika. Alitusomea wakati wa kula. Zamani, Wamarekani walijenga kwa magogo mazito yaliyochongwa, na kijiji kizima kiliitwa kuyainua. Kisha vikaja viwanda vya kupasua mbao na misumari ya mashine, wakaanza kusimamisha nyumba kwa mbao nyembamba zilizopigwa misumari tu. Mafundi wazee waliwacheka.

Papa alijenga moja ya namna hiyo, juu ya mawe, katikati ya nyumba za matofali. Majirani nao wakacheka, wakaifananisha na kikapu.

"Fundi, hii njo nyumba ao kitunga?"

Vita vilipofika mjini, katibu wa kikosi kilichoshika mtaa wetu alikuja na chaki na karatasi. Aliandika mlangoni kwamba nyumba ni ya kamanda, akatupa siku mbili. Hatukuwa na pa kwenda. Papa aliisoma karatasi mara tatu.

"Inasema nyumba ya parseli kumi na ine," akatuambia, yaani kiwanja chetu. Kisha akafungua kitabu, penye picha ya nyumba nzima ikivutwa na farasi.

"Farasi hatuna," mama akasema.

"Majirani iko."

Asubuhi tuliteremsha bati, tukapitisha miti minane ya kubebea chini ya sakafu. Walikuja wanaume arobaini hivi, nusu wa msikitini, nusu wa kanisani, na hapo ndipo kazi ilipotaka kuharibika. Waislamu walisema "Bismillahi," wakainua. Wakristo walikuwa bado wamefumba macho, wakingoja amina. Nyumba ikainama kama mlevi, na sufuria ya mama ya sombe, majani ya muhogo, ikatokea dirishani.

"Muteremushe!" Papa alipiga kelele. Akatoa amri: "Bismillahi njo ya kuinua. Amina njo ya kutua. Kati-kati, mutu asiombe!"

Hivyo nyumba ilivuka barabara hadi kwenye parseli ya shangazi yangu, dada yake Papa, iliyokuwa na choo lakini bado haina nyumba. Mlango Papa aliurudisha kinyume, ili chaki itazame ndani.

Katibu aliporudi na kamanda, kwenye parseli yetu alikuta mawe na choo.

"Muzee, nyumba iko wapi?" katibu akamuuliza Papa.

"Parseli njo hii, afande. Soma karatasi yako."

Katibu aliitazama sana nyumba iliyokuwa ng'ambo ya barabara. Ili aidai, ingembidi amwambie mkubwa wake kwamba nyumba imetembea. Jasho lilimtoka. Akanyoosha kidole kwenye choo.

"Njo hii, afande."

Kamanda alichungulia ndani, akasema ni ndogo, akaenda kutafuta kwingine. Hata hivyo choo kiliwekewa askari wa kukilinda. Kwa miezi minne tulijisaidia kwa shangazi.

Leo Papa na shangazi hawapo, kwenye nyumba nakaa mimi. Mwezi uliopita karani wa ardhi alikuja kupima. Katika daftari lake, parseli kumi na nne ina nyumba, ile ya shangazi ni kiwanja kitupu.

"Mama, hii nyumba yako haiko," aliniambia, akiwa ameegemea ukuta wake. "Ile ya ng'ambo njo iko. Nikirudi nisipoikuta, naandika ni kiwanja cha serikali."

Alinipa siku mbili. Niliitoa ile miti minane iliyobaki chini ya sakafu, nikaikagua kama ina mchwa. Kisha nikapita msikitini, halafu kanisani, kuwakumbusha neno la kuinua ni lipi.