Nilimwahidi Bi Dora Nitamrekodi

Nimekosa, jamani, nimekosa! Miezi mitatu sasa sikai nikatulia. Nikipika naacha sufuria motoni naenda dirishani, nikisali nasahau nimefika rakaa ya ngapi. Hapa Maskati sina wa kumwambia, ndiyo nawaambia nyinyi.

Jirani yangu hapa mtaani Darsait ni bibi wa Kiingereza, nimwite Bi Dora. Zamani akitokea kwenye televisheni ya kwao, vile vipindi vya burudani mchanganyiko. Kazi yake kumsemesha kasuku wa kitambaa bila midomo yake kucheza. Dakika nne tu, baada ya mwimbaji, kabla ya mchekeshaji mkubwa. Miaka na miaka ya dakika nne nne! Jina lake hakuna aliyelishika.

Basi mwaka huu akaandikiwa kutoka huko. Wanatengeneza kipindi cha wasanii wa zamani na wanamtaka, ila kwanza awatumie video akichekesha watu ukumbini, waone kama bado anaweza. Mwisho Ijumaa.

Nasi Alhamisi tuna harusi ya mpwa wangu! Nikamwalika aje kutuchekesha wanawake, nikamfunza na maneno mawili matatu ya Kiswahili. Akaniuliza, "Na wewe utanirekodi?"

Mnazijua sherehe zetu za wanawake. Watu wamevua mabuibui, nywele wazi, simu zinakusanywa mlangoni. Nilijua vizuri sana kwamba haitawezekana. Lakini nilimwonea haya bibi wa watu, nikamjibu, "Usijali, nitakurekodi."

Wallahi siku ile alituvunja mbavu! Kasuku alimuuliza bi harusi kama bwana anajua kukuna nazi. Vigelegele ukumbi mzima, mama yangu analia kwa kucheka. Bi Dora akanitafuta kwa macho, taa zinammulika usoni, nami nikamwinulia kidole gumba. Alidhani mimi mwenye shughuli nimeruhusiwa simu, kumbe yangu iko kapuni mlangoni!

Alipoteremka akauliza, "Imetoka?" Nikasema imetoka. Uongo wa pili huo.

Asubuhi akaja kuichukua. Nikamwambia simu imeharibika, imefuta kila kitu. Akakaa kwenye ngazi. Kisha akanipigapiga mkono, akasema si kosa langu. Ijumaa ikapita, nafasi yake akapewa mwingine, na kasuku kamfungia sandukuni.

Nilipomweleza mama, alinitazama kama hanijui.

"Wewe mwana, kwa nini hukunambia? Tungejistiri robo saa, ukamrekodi tukamaliza. Nani angekataa?"

Robo saa! Kumbe sikuhitaji hata kumnyima yule bibi. Nilihitaji kuuliza tu, na mdomo wangu ulikuwa mzito.

Juzi Bi Dora kagonga mlango na boksi mkononi. Kaninunulia simu mpya, eti nisiteseke na ile mbovu. Nami, bila haya, nikaipokea! Ndiyo hii ninayoandikia. Kila nikisikia mlango wake unafunguliwa nasimama nikamwambie, kisha narudi kukaa.

Wenzangu, nawasihi. Mtu akikuomba jambo na moyo wako unajua huwezi, usimpe ahadi ya kumfurahisha. Mwambie hapana, akasirike, akununie wiki nzima ikibidi, lakini atafute njia nyingine angali na muda.