Kengele ya Mjomba Nestori

Kabla ya kuona chochote nilisikia kijiko kikigonga sufuria: ngaa! Nilikuwa bado kwenye ngazi za jengo letu, mtaani Vickery Meadow, nikapanda mbio, maana hiyo ndiyo iliyokuwa kengele ya ndondi, na Mjomba Nestori hakumngoja mtu. Kiangazi kile cha 2018, kila Jumamosi mchana, sebule yetu ilinukia maharage na sabuni ya hotelini alikofanya usafi Mama, harufu aliyorudi nayo mikononi. Sisi watoto tulijaa kwenye zulia mbele ya kompyuta, tukitazama filamu ile ile ya zamani sana, ya enzi ambazo sinema haikuwa na sauti: mabondia wawili wenye masharubu, mrefu na mfupi, picha ikichezacheza kama mvua. Katika kambi ya wakimbizi Tanzania, Mjomba alikuwa akitafsiri filamu kwenye banda la video. Hapa hapakuwa na neno la kutafsiri, basi akawa anabuni. "Mfupi anauliza: kaka, hiyo ngumi, au unanipapasa?" Mama alicheka hadi akashika mbavu. Filamu yenyewe ilikatika kabla mshindi hajajulikana, kwa hiyo Mjomba alimpa ushindi yeyote kati yetu aliyekuwa na wiki ngumu kuliko wote. Mama alipofeli mtihani wa udereva, Mjomba alitangaza kuwa yeye ndiye aliyemwangusha mrefu.

Jumamosi ya mwisho begi la Mjomba lilikuwa mlangoni. Alikuwa amepata kazi Houston. Akanikabidhi kijiko.

"Leo tangaza wewe, mwanangu. Kiswahili kitupu. Filamu ikiisha, naondoka."

Mimi niliyezoea kumjibu kwa Kiingereza nilitangaza nikitafuta maneno, na filamu ilipokaribia kukatika nikairudisha mwanzo. Ngaa! Raundi ya pili. Nikairudisha tena, na tena. Chini, gari la rafiki yake likapiga honi.

"Hao watakufa njaa ulingoni," Mama akasema. "Lisilo budi hutendwa. Mwache aende."

"Bado hawajachoka!" nikamjibu.

Siku hizi natazama ndondi kwenye simu, na hata pumzi za mabondia zinasikika. Nautamani ukimya ule uliotuachia nafasi ya kusema. Na ninapoandika hadithi, mkono wangu bado hukimbilia kurudisha mwanzo.

Siku ile, hatimaye, niliiacha ikatike.

"Nani kashinda?" Mjomba akauliza, begi begani.

Nilidhani ni mimi. Kisha nikamtazama usoni, nikaona wiki yake ilikuwa ngumu kuliko yangu.

"Wewe, Mjomba. Kwa pointi."

Akainua mkono juu kama bingwa, akatoka, na mlango ukafungwa nyuma yake.